Uso wa Saba

Jumatatu, 1 Juni 1987, Yuen Long

Tumefungua kazi. Udi uliwashwa pande zote za ua, nguruwe wa kuchoma akawekwa mezani mbele ya kamera, na Mwongozaji Pang akamkata kwa pigo moja bila kusita, maana kisu kikikwama filamu nayo hukwama. Hii ni ya tatu. Ya kwanza ilivunja watu mbavu, ya pili ikajaza majumba ya sinema hadi Singapore, na sasa kila mtoto wa Hong Kong anaruka ngazini mikono mbele, karatasi ya njano ya hirizi kaibandika kwenye paji la uso, akijifanya maiti wetu. Nyuso za hao maiti nazipaka mimi, Tse Wai-fong. Najisifu daftarini kwa sababu kwingine hakuna anayenisifu.

Mwaka huu tunapiga katika jumba kuukuu la ukoo uliohamia Uingereza. Madirisha yamezibwa kwa mablanketi meusi ili mchana uwe usiku. Mvua imeanza alfajiri na haijakatika.

Mswada unataka maiti saba kwenye mstari, na kanzu saba za kale zimeshashonwa. Wamekuja sita. Kuen, binti anayeandika vibarua na kuwaita majina kila asubuhi, alisema wa saba kaingia mitini. Pang akasema basi watakuwa sita, saa ya bahati isitupite.

Alhamisi, 4 Juni

Mvua. Miguu imevimba.

Jumamosi, 6 Juni

Maiti mkuu, anayetangulia mstari, ni Ami Kau. Ana miaka sitini na mitatu na alikulia kwenye opera akipiga sarakasi. Magoti yake yanalia kama mlango mbovu, lakini akishavaa kanzu ataruka kutwa nzima. Ananipenda na ananichokoza.

"Fong, mwaka huu nipake niwe kijana."

"Maiti kijana, Ami?"

"Hata maiti wana mabibi wa kuwatazama."

Ninapopaka, huwa nazungumza. Ami, nakufuta paji la uso sasa. Ami, hii ni baridi kidogo, vumilia. Vibarua wanacheka, wanasema Dada Fong anatubembeleza kama watoto. Waache wacheke. Hawajui nilikojifunza. Miaka tisa nilipaka watu katika nyumba ya mazishi kule Hung Hom, na pale hugusi uso bila kumwambia mwenyewe unachotaka kufanya, asije akashtuka. Kule niliwafanya wafu waonekane wazima. Huku nafanya kinyume, na mshahara ni mzuri zaidi.

Hapa hakuna anayejua. Wangejua, asingekuwepo wa kupokea hata kikombe cha chai mkononi mwangu. Wifi yangu alikuwa akikichemsha kikombe nilichonywea, mbele ya macho yangu. Kwa miaka tisa sikualikwa harusi hata moja. Tangu niingie kwenye filamu nimekwenda harusi kumi na moja, na zote nimekula mpaka nikafungua kifungo. Sitaki kurudi kule. Naandika hivi ili nikisoma baadaye nikumbuke nilivyoogopa.

Jumatano, 10 Juni

Kila uso una sifongo yake. Asubuhi nakata vipande sita, jioni naviosha. Leo nimeosha saba. Nitakuwa nimekata vibaya.

Alhamisi, 11 Juni

Saba tena.

Jumatatu, 15 Juni

Nitaandika polepole ili nisijidanganye.

Rangi ya maiti wetu naichanganya mwenyewe: kijivu, buluu, na kijani kidogo sana. Ngozi yenye joto huinywa mara moja. Ngozi baridi huikataa, inabaki juu kama mafuta kwenye maji, na dawa yake ni kuisugua kwanza kiganjani mpaka ipate moto. Jambo hilo sijalifanya kwa miaka minne. Hakuna sababu ya kulifanya, watu wote hapa wako hai.

Leo asubuhi tulichelewa, watu wanapiga kelele, nyuso zinapita mbele yangu mmoja baada ya mwingine, nami nikaukuta mkono wangu wa kushoto unasugua rangi kiganjani. Mikono ilianza yenyewe. Nikainua kichwa. Niliyempaka alikwisha ondoka, nikauona mgongo wa kanzu tu, pindo limelowa hadi magotini. Kitini alikwisha kaa Ami Kau.

"Unalala, mwanangu?"

Nikamwambia joto limenizidi.

Jumanne, 16 Juni

Nilitaka kumwomba mtu awahesabu, nikakumbuka kwamba haiwezekani. Tangu filamu ya kwanza Pang amekataza mtu kuhesabu maiti kwa sauti ndani ya eneo la kazi. Atakayehesabu anafukuzwa siku hiyo hiyo. Wa kamera husema "wote wapo?" na mtu hujibu "wapo". Kuen huita majina sita, hupata majibu sita, hugawa wali na nyama ya kuchoma kwa watu sita. Hakuna anayepungukiwa. Kwa hiyo hakuna anayeuliza.

Ijumaa, 19 Juni

Mvua. Sifongo saba.

Jumanne, 23 Juni

Tumeonyeshwa picha za wiki iliyopita kwenye shuka, ukumbini. Ni ile sehemu ambapo mwanafunzi wa kasisi anazuia pumzi ili maiti wasimsikie, kisha anapata kwikwi. Watu walicheka hadi machozi. Kuen alipiga paja langu akasema, "Dada, nitajikojolea!" Nami nilicheka, mpaka mstari ulipoingia ukiruka.

Nilihesabu kimoyomoyo. Saba.

Wa mwisho alikuwa nyuma kabisa, karibu na mlango. Wengine walipotua walichelewana kidogo, mmoja aliyumba, mwingine akarekebisha kofia. Vumbi la unga tulilomwaga sakafuni likawarukia miguuni. Yeye alitua na vumbi halikuinuka.

"Safi," alisema Pang. "Mstari umejaa vizuri."

Hakuna aliyetikisika. Labda wameona na wamekula jiwe kama mimi. Nami nikaendelea kutabasamu kama mjinga.

Jumatatu, 29 Juni

Picha zaidi. Hayuko nyuma tena. Ni wa tano.

Alhamisi, 2 Julai

Wa nne. Jua limetoka kwa saa moja hivi, kisha mvua.

Ijumaa, 3 Julai

Leo nimepiga moyo konde, nimemtazama.

Alikuja katikati ya wengine, akakaa. Mwanamume wa miaka arobaini hivi, masikio makubwa, kovu dogo chini ya mdomo. Macho ameyainamisha. Kope zimelowa, na maji hayo hayakudondoka wala kukauka muda wote aliokaa. Baridi ilitoka kwake kama mtu anapofungua jokofu la nyama.

Nilitaka kukimbia. Nikamwona Ami Kau nyuma yake anasubiri zamu huku anakanda magoti, na Kuen mezani na daftari lake, na nikajua nikipiga kelele nitaulizwa nimeona nini, na nikisema nimegusa maiti nitaulizwa nimejuaje. Kwa hiyo nikasema kile ninachokisema siku zote.

"Kaka, nakufuta paji la uso sasa."

Akainua kidevu mwenyewe, taratibu, ili nisihangaike.

Nilimpaka vizuri. Sijui kupaka vibaya. Aliposimama kwenda mstarini, kiti kilikuwa kikavu.

Jumatatu, 6 Julai

Sikula jana. Leo yuko wa tatu.

Jumatano, 8 Julai

Ishara ya kimbunga namba nane. Hakuna kazi. Nimekaa chumbani nasikiliza mabati ya jirani. Nimejaribu kujiambia ni uchovu. Sifongo hazichoki.

Alhamisi, 9 Julai

Bado namba nane. Nimekula uji wa wali mara tatu.

Jumanne, 14 Julai

Wa pili. Mbele yake sasa ni Ami Kau peke yake.

Jumamosi hii Ami Kau ataingia kwenye jeneza, jeneza lipandishwe kwa kamba hadi ukingo wa paa, kisha lishushwe ghafla uani na yeye aruke nje huku wanafunzi wa kasisi wanagongana vichwa. Ndicho kichekesho kikubwa cha filamu. Kamba ni ya zamani na mbao zimelowa mvua ya mwezi na nusu. Sihitaji kuambiwa huyu anayesogea anamfuata nani.

Alhamisi, 16 Julai

Nilimpata Ami Kau anakunywa chai chungu nyuma ya jiko.

"Ami, Jumamosi usiingie kwenye lile jeneza."

"Kwa nini?"

"Nimeota vibaya."

"Ota farasi watakaoshinda Happy Valley, utusaidie sote." Kisha akaacha kucheka. "Fong, sikiliza. Hii ndiyo ya mwisho kwangu. Baada ya hapa mpwa wangu kanitafutia kazi ya kulinda maegesho ya magari. Nataka nishuke na lile jeneza, watu wacheke, niende zangu. Umenielewa?"

"Nimekuelewa, Ami."

"Basi usiniletee uchuro."

Nilirudi mezani kwangu nikakata sifongo. Nilikata saba kwa makusudi. Naijua njia moja tu ya kumzuia, nayo ni kusema kweli mbele ya Pang. Nikisema, nimekwisha. Nimeandika hapa harusi kumi na moja. Nimezisoma tena jioni hii nikajichukia.

Jumamosi, 18 Julai

Sijui nianzie wapi. Nitaanzia kwenye kamba.

Walikuwa wameshaifunga. Ami Kau amekwisha pakwa, karatasi ya njano iko kwenye paji la uso, mguu mmoja ndani ya jeneza, anawatania wavuta kamba kwamba wakimwangusha atawatembelea majumbani. Mstari umesimama ukutani. Yule alikuwa wa kwanza. Alisimama pale ambapo Ami Kau husimama kila siku, mikono imenyooka, uso umeelekea uani.

Nikasema, "Mwongozaji, simamisha."

Pang hageuki mtu akimwita. Nikapaza sauti. "Simamisha! Kwenye mstari kuna maiti."

Watu wakacheka. Mmoja akasema, "Dada Fong, wamejaa tele!"

"Wahesabu," nikasema. "Nimewapaka. Vibarua sita, na mmoja kaingia jenezani. Ukutani walitakiwa wabaki watano. Mimi naona sita."

Kicheko kilikatika. Nilikuwa nimehesabu kwa sauti. Pang alinitazama kama nimemtemea mate.

"Unajua ulichofanya?"

"Najua. Nimekuwa nikimpaka tangu Juni. Ngozi yake ni ya mfu."

"Wewe umejuaje ngozi ya mfu?"

Mvua ilikuwa inagonga mablanketi ya madirishani. Nilimtazama Ami Kau, nikasema upesi kabla sijabadili nia. "Kwa sababu nimewapaka miaka tisa. Nyumba ya mazishi, Hung Hom."

Kisha niliona jambo ambalo nililijua tangu nikiwa msichana na bado liliniuma: kibarua mmoja akaanza kujifuta uso kwa mkono wa kanzu. Wa pili naye. Wote wakawa wanajifuta, wanaikwangua ile rangi kwa kucha kana kwamba inaunguza. Nilipotazama tena ukutani walikuwa watano.

Ami Kau alikuwa na mguu mmoja bado jenezani. "Mwongozaji, tuendelee," alisema. "Mwanamke kachoka."

Lakini Pang ni mtu wa udi na saa za bahati. Alimtoa Ami Kau, akaamuru gunia la mchele livalishwe kanzu na lilazwe mahali pake. Jeneza likapanda hadi ukingo wa paa. Watu wote walishika pumzi. Likashushwa.

Kamba haikukatika. Jeneza lilitua uani taratibu kama kikombe mezani.

Ami Kau alinijia. Sijawahi kumwona na hasira. "Miaka arobaini naanguka kutoka mapaani," alisema. "Leo umeweka gunia la mchele mahali pangu. Na mikono hiyo umenipaka nayo filamu tatu, hukuniambia." Akaenda zake, goti linalia, wala hakugeuka.

Pang alinipa bahasha nyekundu ya kuondoa mkosi. Aliiweka juu ya kifuniko cha kopo la biskuti, akanisogezea kwa kifuniko, vidole vyetu visikutane. Alikuwa mpole sana. Akasema filamu itatafuta mtu mwingine. Kwa kifupi, nimemwaga unga, na nimemwaga bure, kwa sababu mzee niliyetaka kumwokoa hakuwa hatarini.

Nilikuwa nafunga sanduku langu la rangi nilipomwona Kuen mlangoni. Nilidhani kaja kuchungulia.

"Dada," alisema, "huyo mtu ana kovu hapa?" Akagusa chini ya mdomo wake.

Nikakaa.

Alinieleza akiwa amesimama, hakuthubutu kukaa kwenye kile kiti. Tarehe mosi Juni, wakati nguruwe anakatwa, simu ililia jikoni akaipokea yeye. Polisi. Mtu kagongwa na lori alfajiri barabarani, kwenye mvua, kafa palepale. Hana kitambulisho. Mfukoni ana kikaratasi chenye namba ya simu hii tu. Je, mnamjua?

"Nikasema hatumjui," alisema Kuen. "Ningesema tunamjua, Pang angefunga siku ileile. Mfu siku ya kufungua! Angetafuta siku nyingine ya bahati, nguruwe mwingine, na mimi ndiye niliyemwandika, angeniambia nimeleta mkosi. Nikakata simu. Nikatoka, nikawaambia kaingia mitini."

"Anaitwa nani?"

"Yip Hoi. Alitoka China bara, peke yake, analala kitanda cha kupanga Sham Shui Po. Nilipomwandika alifurahi sana, Dada. Aliuliza mara mbili asubuhi aje saa ngapi." Alianza kulia bila sauti. "Na kila siku nikimaliza majina sita, nasikia kama kuna mtu anangoja niendelee."

Meza ya Kuen iko uani, mbele ya ukuta ule, hatua tatu kutoka mahali pa mtu wa kwanza mstarini. Nimepita hapo kila siku kwa wiki saba. Nilimwona anasogea nikadhani anamfuata mzee, kumbe anasogea mezani kuitwa jina lake. Alikuja kazini. Alikuwa anakuja kazini kila siku, kwa wakati, na hakuna aliyemwita jina.

Nilicheka, aibu ikanijaa, nikalia na Kuen. Nilimnyooshea kitambaa changu nikakumbuka, nikakirudisha. Akakichukua.

Jumapili, 19 Julai

Mvua.

Jumatatu, 20 Julai

Nimerudi Hung Hom. Meneja wa zamani hakushangaa. Aliniuliza kama nitaanza leo au kesho. Nikamwambia nina mtu wangu mmoja kwanza.

Jumatano, 22 Julai

Tumekwenda na Kuen polisi, kisha chumba cha maiti cha serikali. Yuko pale tangu tarehe mosi Juni, kwenye droo, chini ya namba. Wiki ijayo wangemzika kwa namba hiyo. Kuen aliweka daftari lake la vibarua mbele ya ofisa na kuonyesha mstari wa saba. Ofisa alimfokea robo saa nzima, naye akasimama akapokea yote. Kisha ofisa akafuta namba akaandika jina.

Kwa Ami Kau nilipeleka salamu. Hakujibu.

Ijumaa, 24 Julai

Wamemleta asubuhi. Nilimwomba Kuen abaki mlangoni, maana kuingia ndani hakuweza. Alifungua daftari, akaita kwa sauti ile anayoitumia uani kila siku.

"Yip Hoi!"

Akangoja muda uleule anaowangoja wengine, kisha akatia alama.

Nikafunga mlango. Nilivaa aproni yangu ya zamani, nikapanga poda, rangi ya mashavu, na wanja wa nyusi. Nilikusudia kumpaka uso wa mtu aliye hai anayetoka nyumbani asubuhi kwenda kazini. Nikafunua shuka.

Kovu chini ya mdomo, masikio makubwa. Wiki saba na siku nne amelala kwenye droo iliyofungwa, na kwenye kitabu cha chumba cha maiti hakuna aliyeandikwa kuifungua. Nilisugua poda kiganjani ipate moto, nikamgeuza kichwa kidogo nianzie upande wa kushoto.

Nyuma ya sikio, mpaka kwenye mstari wa nywele, kulikuwa na rangi ya kijivu na buluu, yenye kijani kidogo sana. Ilikuwa bado mbichi.

Nikaiweka poda chini, nikachukua pamba na mafuta. "Kaka Yip," nikamwambia, "kazi imekwisha. Nakufuta sasa."